Polisi kwa oda ya korti katika ugomvi wa watu binafsi nchini Kenya: njia nne zikilinganishwa

"Mama, haya ni mambo ya shamba. Nenda kortini ulete oda, ndipo sisi tutakuja." Karibu kila mtu aliyewahi kugombania mpaka, nyumba au mirathi nchini Kenya ameambiwa maneno hayo akiwa amesimama mbele ya kaunta ya kituo cha polisi. Mimi niliyasikia siku niliyomsindikiza shangazi yangu, ambaye asubuhi hiyo alikuwa amekuta ua wake umekatwa na vijana watatu wa jirani wamesimama mpakani na mapanga, wakimwonya kwamba akivuka kwenda kulima atajuta. Shangazi alijibu kwa upole: "Afande, sijaja mnipe shamba. Nimekuja nisikatwe." Askari alinyamaza kidogo, kisha akavuta kile kitabu kikubwa cha matukio ambacho kila mtu hukiita OB, akaanza kuandika.

Katika jibu hilo la shangazi ndimo ulimo mgawanyiko ambao mtu asipoutambua mapema hupoteza miezi na ada za wakili. Ugomvi wenyewe, yaani nani mwenye shamba, nani mrithi na nani anamdai nani, ni wa mahakama, na polisi hawakosei wanapokataa kuuamua. Usalama wa wanaogombana ni jambo jingine. Ibara ya 29 ya Katiba ya 2010 inampa kila mtu haki ya kutotendewa ukatili wa aina yoyote, uwe unatoka kwa serikali au kwa mtu binafsi, nayo Sheria ya Huduma ya Taifa ya Polisi ya 2011 inataja kulinda maisha na mali na kudumisha amani miongoni mwa kazi za polisi, bila kusema kwamba kazi hiyo husubiri karatasi ya hakimu. Kutishia kuua, kujeruhi na kuharibu mali kwa makusudi ni makosa ya jinai. Na kuhusu kuingia kwenye ardhi kwa nguvu ili kuitwaa, Kanuni ya Adhabu inasema wazi kwamba si hoja kama aliyeingia alikuwa na haki ya kuingia au hakuwa nayo.

Kwa sababu hiyo, kabla ya kulinganisha njia zozote za mahakama, ni lazima taarifa iandikwe kituoni na nambari ya OB ichukuliwe, nayo taarifa ieleze tishio badala ya kueleza shamba. Ukisema "jirani amechukua shamba langu", itaandikwa hivyo, na pengine itaishia hapo. Ukisema nani alishika nini, alitamka maneno gani, saa ngapi na mbele ya nani, umewapa polisi jambo lililo lao, na umejiwekea ushahidi ambao njia zote nne zinazofuata zitauhitaji.

Dhamana ya kudumisha amani

Njia ya kwanza ni ya zamani, ni nafuu, na kwa maoni yangu husahauliwa mno, labda kwa sababu mawakili hawapati kazi kubwa ndani yake. Kifungu cha 43 cha Sheria ya Mwenendo wa Mashtaka ya Jinai kinamruhusu hakimu, akipewa taarifa kwamba mtu fulani ana uwezekano wa kuvunja amani, kumwita mtu huyo aeleze kwa nini asitakiwe kuweka dhamana, pamoja na wadhamini au bila wadhamini, kwamba atadumisha amani kwa muda usiozidi mwaka mmoja. Taarifa hiyo kwa kawaida hupitia kwa polisi na mwendesha mashtaka, kwa hiyo mlalamishi halazimiki kuajiri wakili wala kufungua kesi ya ardhi. Hakimu huandika agizo linaloeleza kiini cha taarifa aliyopewa, kiasi cha dhamana, muda wake na idadi ya wadhamini wanaotakiwa, kisha huchunguza ukweli wa taarifa hiyo kabla ya kuamua. Anayeamriwa kuweka dhamana akashindwa anaweza kupelekwa gerezani mpaka aiweke au mpaka muda uliotajwa uishe. Na anayeiweka kisha akavunja amani huhatarisha fedha zake na za wadhamini wake, ambao mara nyingi ni baba yake au mjomba wake, watu ambao hawatamwacha alale.

Uzuri wa njia hii ni kwamba haiulizi shamba ni la nani. Hakimu halazimiki kuona hatimiliki, ramani wala barua ya mgao; anachotaka kujua ni kama kuna hofu ya kweli ya fujo na inatoka kwa nani. Udhaifu wake nao unatokana na jambo hilo hilo: dhamana humbana mtu aliyetajwa, haikizingiri kipande cha ardhi. Kijana aliyebanwa kwa dhamana anaweza kukaa kimya huku binamu yake ambaye hakutajwa akiendelea kupanda migomba mpakani. Tena si ajabu hakimu, akiona kwamba matusi yalirushwa kutoka pande zote mbili, kuziwekea pande zote mbili sharti hilo hilo, hivyo anayekwenda kulalamika ni vyema ajichunguze kwanza yeye mwenyewe alisema nini.

Amri ya ulinzi katika ugomvi wa jamaa

Ikiwa anayekutishia ni mume, mke, mchumba wa zamani, mzazi mwenzio, ndugu, shemeji au mtu mnayeishi naye nyumba moja, sheria inayokufaa ni ile ya Kulinda Dhidi ya Dhuluma za Nyumbani ya mwaka 2015. Watu wengi hudhani kwamba sheria hiyo ni ya wanawake waliopigwa tu, na dhana hiyo huwanyima kinga walio na haki nayo, wanaume kwa wanawake. Tafsiri ya dhuluma ndani yake ni pana: mbali na kupiga na ukatili wa kingono, imo kunyanyasa kiuchumi, kutisha, kumfuatafuata mtu, kuharibu mali, kuingia nyumbani kwake kwa nguvu, kumzuia asifike mahali anapoishi, na hata wakwe kujiingiza katika mambo ya ndoa. Mjane anayefungiwa mlango na mashemeji siku chache baada ya mazishi ana ugomvi wa mirathi, ni kweli, lakini pia ana dhuluma ya nyumbani kwa maana kamili ya sheria, na hahitaji kungoja kesi ya mirathi ifike mwisho ndipo aombe kulindwa.

Maombi hupelekwa mbele ya hakimu. Hatari ikiwa ya karibu, mahakama inaweza kutoa amri ya muda kabla ya kumsikiliza upande wa pili, kisha pande zote zikaitwa. Amri yenyewe inaweza kumpa mlalamishi haki ya kubaki peke yake katika nyumba waliyokuwa wakiishi pamoja, kumkataza mlalamikiwa kufika hapo au kuwasiliana naye, na, jambo ambalo kwa uzoefu wangu ndilo huombwa kwa nadra na kuhitajika mno, kumruhusu mlalamishi aingie nyumbani akiandamana na askari au ofisa wa mahakama ili achukue nguo, vitambulisho, dawa na vitu vya watoto. Anayejua jinsi cheti cha kuzaliwa cha mtoto kinavyoweza kufanywa mateka katika ugomvi wa wazazi ataelewa kwa nini sentensi hiyo moja inafaa kuombwa.

Tofauti kubwa kati ya amri hii na zile za kesi za madai ni kwamba kuivunja ni kosa la jinai lenye faini au kifungo. Askari akipigiwa simu usiku haulizi maswali ya ardhi; anauliza kama amri ipo na kama imevunjwa. Sheria hiyo pia inamtwika askari anayepokea malalamiko wajibu wa kumweleza mlalamishi haki zake na kumsaidia kupata hifadhi na matibabu. Kwa anayehitaji msaada kabla hata ya kufika mahakamani, simu ya bure 1195 hupokea taarifa za ukatili wa kijinsia, na FIDA Kenya, chama cha wanasheria wanawake kilichoanzishwa mwaka 1985, na Kituo cha Sheria, kilichoanzishwa 1973, huwasaidia wasio na uwezo wa kumlipa wakili.

Mipaka yake ni kwamba lazima kuwe na uhusiano wa kinyumbani. Jirani si jamaa, mwenye nyumba si jamaa, na mwanachama mwenzako wa chama si jamaa hata mkiitana ndugu kila Jumapili.

Zuio la muda lenye msaada wa polisi

Hii ndiyo njia ambayo watu wengi huwa nayo akilini wanaposema "oda ya korti", na ndiyo inayoharibika kwa namna nyingi zaidi, kwa hiyo nitakaa hapa kidogo.

Zuio, yaani amri ya mahakama inayomkataza mtu kufanya jambo fulani, haliombwi peke yake. Ni lazima kwanza ifunguliwe kesi, yaani hati ya madai inayosema unadai nini, kisha ndani yake liwasilishwe ombi, kwa kawaida pamoja na cheti cha dharura na hati ya kiapo yenye picha, barua na nambari ya OB. Kesi ya ardhi huenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi au kwa hakimu aliyeruhusiwa kusikiliza kesi za aina hiyo, kulingana na thamani. Hakimu mkuu, aliye na kiwango cha juu kuliko mahakimu wote, anaishia shilingi milioni 20. Mahakama ya madai madogo, ambayo watu huipenda kwa wepesi wake, haikufai hapa, kwa kuwa kazi yake ni madai ya fedha yasiyozidi shilingi milioni 1.

Kinachoongoza ni Agizo la 40 la Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai za 2010, pamoja na vipimo vitatu ambavyo kila wakili wa Kenya huvikariri tangu uamuzi wa Giella dhidi ya Cassman Brown wa mwaka 1973: kwamba mwombaji ana kesi yenye msingi, kwamba asipolindwa atapata hasara isiyofidika kwa fedha, na kwamba, mahakama ikiwa bado na shaka, ipime ni upande gani utaumia zaidi. Zuio linalotolewa upande wa pili ukiwa haujasikilizwa hutolewa kwa muda usiozidi siku 14, na lazima likabidhiwe kwa mdaiwa ndani ya siku 3. Baada ya pande zote kusikilizwa, zuio linaweza kudumu mpaka kesi iishe. Lakini kesi isipoamuliwa ndani ya miezi 12 tangu lilipotolewa, huanguka lenyewe isipokuwa mahakama iseme vinginevyo kwa sababu ya kutosha. Nimewaona watu wazima wakilitembeza zuio la miaka mitatu iliyopita kituoni, likiwa limekunjwa vizuri ndani ya karatasi ya plastiki, wasijue kwamba wameshika karatasi iliyokwisha kufa.

Sasa, polisi wanaingiaje? Huingia kupitia sentensi moja mwishoni mwa orodha ya maombi, inayoomba kwamba mkuu wa kituo cha polisi cha mahali fulani, OCS, asimamie utekelezaji na kuhakikisha amani inadumishwa. Mawakili wengine huitia sentensi hiyo katika kila ombi kama chumvi, na mahakimu na majaji wengi huikata. Sababu yao inaeleweka: mkuu wa kituo si upande wa kesi, mgogoro haujaamuliwa, na askari wenye bunduki wakisimama shambani upande wa mtu mmoja, kijiji kizima husoma kwamba serikali imekwisha kuamua nani mshindi. Kinachowashawishi ni ushahidi wa tishio lenyewe: nambari ya OB, picha ya ua uliokatwa, hati ya matibabu, au, bora kuliko vyote, kiapo kwamba zuio la kwanza lilikabidhiwa tarehe fulani na siku iliyofuata likadharauliwa. Ndiyo maana mimi humshauri mtu asiyekabiliwa na hatari ya papo hapo aombe kwanza zuio lililoandikwa vizuri, na msaada wa polisi auombe kama hatua ya pili akiwa na ushahidi wa ukaidi mkononi. Huonekana kama kuchelewa, lakini ombi linalokataliwa mara ya kwanza huwa zito zaidi kulirudisha.

Maneno ya amri ni suala jingine, na hapa ningeomba msomaji alinganishe amri mbili. Ya kwanza inasema: "Pande zote zidumishe hali ilivyo." Ya pili inasema: "Mdaiwa, watumishi wake na mawakala wake wasiingie, wasilime, wasikate miti wala kujenga katika kipande cha ardhi nambari fulani hadi tarehe fulani, na mkuu wa kituo cha polisi cha mahali fulani ahakikishe amani inadumishwa wakati amri hii inatekelezwa." Amri ya kwanza ndiyo inayotolewa haraka, na ndiyo inayomtesa askari. Akifika shambani, huyu anamwambia hali ilivyo ni kwamba yeye ndiye anayelima, yule anamwambia hali ilivyo ni kwamba alilima mwaka jana, na wote wawili wana nakala yenye muhuri. Askari hugeuza gari akarudi, na ni vigumu kumlaumu. Mahakama ikikupa "hali ilivyo", mwombe wakili wako, pale pale kabla hamjatoka, aiombe iandike hali hiyo ni ipi: nani yumo ndani, nani yuko nje, na mimea iliyopo ni ya nani.

Baada ya amri kutamkwa, kazi haijaisha. Ni lazima iandikwe rasmi, itiwe saini na muhuri, iwe na onyo la adhabu, ikabidhiwe kwa mdaiwa, na aliyeikabidhi aape kiapo cha kuikabidhi. Bila kiapo hicho, ombi la kumwadhibu mtu kwa kudharau mahakama huenda likawa bure. Nakala nyingine hupelekwa kituoni na kugongwa muhuri wa kupokelewa. Usikasirike OCS akikuambia anataka kuithibitisha kwa sajili ya mahakama kwanza, kwa maana amri za kughushi zipo, na anayetekeleza amri ya kughushi hujitia matatani yeye mwenyewe. Anayevunja zuio la kweli anaweza kuzuiliwa mali yake au kufungwa gereza la madai kwa muda usiozidi miezi 6, lakini ni wewe utakayerudi mahakamani kuomba adhabu hiyo. Tofauti na amri ya ulinzi wa nyumbani, askari hatamkamata tu kwa sababu amelima.

Kuna mtego mmoja wa kisheria ambao umeangusha kesi nyingi za mipaka. Kifungu cha 18 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 kinaizuia mahakama kusikiliza ugomvi wa mpaka wa ardhi iliyosajiliwa mpaka msajili wa ardhi auamue mpaka huo kwanza. Mtu anayefungua kesi kubwa akidai jirani amesogeza alama kwa mita mbili anaweza kusikilizwa nusu saa tu, akaambiwa aende kwa msajili. Katika migogoro ya aina hiyo, ulinzi wa polisi unaofaa kuombwa ni ule wa siku ambayo msajili na mpimaji watafika shambani. Ni ombi dogo, lenye tarehe na kazi maalumu, na kwa hiyo ni rahisi zaidi kukubaliwa.

Ombi la kikatiba

Njia ya nne ni ya mtu ambaye tatizo lake limehama kutoka kwa jirani na kuingia kituoni: polisi wamekataa kuandika taarifa, au wamekuja wakasimama upande wa mwenye nguvu, au wamepewa amri halali wakaiweka kabatini. Ibara za 22 na 23 za Katiba zinamruhusu mtu aende Mahakama Kuu kulalamika kwamba haki yake imevunjwa au inatishiwa, na mahakama inaweza kutoa amri ya kuhifadhi haki hiyo wakati shauri likiendelea. Kanuni za 2013 zinazosimamia maombi hayo ni laini kuliko watu wanavyodhani, kwa kuwa zinairuhusu mahakama kupokea hata malalamiko yasiyo rasmi, ya maandishi au ya mdomo.

Hata hivyo, siipendekezi kwa mtu ambaye hajajaribu njia nyingine. Majaji wamechoka na kesi za mashamba zilizovishwa joho la Katiba, nao huzirudisha kwa kusema kwamba kuna njia ya kawaida ambayo haijatumiwa. Ni lazima pia umshtaki anayesimamia polisi, wala si jirani peke yake, jambo ambalo huleta mawakili wa serikali upande wa pili. Malalamiko dhidi ya askari aliyekataa kazi yanaweza kupelekwa bila malipo kwa Mamlaka Huru ya Kuchunguza Utendakazi wa Polisi, IPOA, na nakala ya malalamiko hayo ikiambatanishwa baadaye katika ombi la kikatiba huonyesha kwamba hukukimbilia Mahakama Kuu kwa pupa.

Zikiwekwa ubavu kwa ubavu

Tukiiacha ile ya kikatiba, kwa haraka amri ya ulinzi wa nyumbani na zuio la dharura ndizo zinazoweza kupatikana kabla upande wa pili haujafika. Dhamana ya amani hungoja mtu aitwe ajieleze. Kwa gharama, dhamana ndiyo nafuu kuliko zote, amri ya nyumbani huifuata, na zuio ndilo linalomeza fedha, kwani nyuma yake kuna kesi nzima itakayodumu miaka. Kwa meno, amri ya nyumbani inashinda, kwa kuwa kuivunja ni jinai. Kwa upana, zuio linashinda, kwa kuwa ndilo pekee linaloweza kulinda ardhi, miti, mto na jengo kwa wakati mmoja. Wala hakuna kinachokuzuia kutumia mbili pamoja, mradi usimfiche hakimu wa pili yale uliyomwambia wa kwanza.

Mjane anayefukuzwa na mashemeji aanze na amri ya ulinzi wa nyumbani, kisha mahakama ya mirathi, ambako kifungu cha 45 cha Sheria ya Mirathi kinasema ni kosa kuingilia mali ya marehemu bila idhini. Mpangaji wa duka aliyefungiwa na mwenye nyumba aende kwa baraza la kodi za majengo ya biashara, lenye mamlaka ya kuamuru mlango ufunguliwe. Mwenye shamba lililovamiwa na watu wengi asifikiri kwamba "ulinzi" ni jina jingine la kuwaondoa: Sheria ya Ardhi, baada ya marekebisho ya 2016, inataka ilani ya miezi 3 kwa wanaokalia ardhi ya mtu binafsi kinyume cha sheria, na siku ya kuwaondoa ina masharti yake. Dalali wa mahakama anayetarajia fujo ana kanuni yake mwenyewe ya kuomba askari, ambayo haimhusu mtu wa kawaida. Na pale ambapo wazee, chifu au mpatanishi bado wanasikilizwa, makubaliano yao yanaweza kuandikwa na kuingizwa mahakamani kama amri ya maafikiano, ambayo OCS ataitambua sawa na nyingine yoyote.

Jambo moja halipatikani katika njia yoyote kati ya hizi, nalo ni askari wa kulala langoni kwako. Kituo chenye gari moja na eneo la tarafa nzima hakiwezi kukupa ulinzi wa kudumu hata jaji akiandika hivyo. Kinachopatikana ni askari wa siku fulani kwa kazi fulani, na wajibu wa kituo kuitika unapopiga simu. Kwa hiyo ombi linalosema "polisi wanilinde mimi na familia yangu" huwa hafifu likilinganishwa na linalosema "polisi wawepo tarehe fulani wakati ua unajengwa upya".

Shangazi, baada ya wakili wa kwanza kumtajia ada ya zuio, aliamua vingine. Kwa vijana watatu aliomba dhamana ya amani, na hakimu akaiweka kwa mwaka mzima, kila mmoja na mdhamini mmoja. Kwa shamba alimwandikia msajili wa ardhi. Msajili alifika na mpimaji mwezi wa saba wa ile dhamana, na askari wawili wa kituo kile kile walikaa chini ya mwembe wakila mahindi ya kuchoma wakati kamba ikivutwa. Jiwe la mpaka lilipatikana chini ya mizizi ya mkonge, hatua nne ndani ya upande ambao shangazi alikuwa akiulima miaka yote. Hatua hizo nne zilikuwa za jirani. Shangazi alisogeza ua wake wiki hiyo hiyo, na vijana wale, ambao baba yao alikuwa na haki katika zile hatua nne, waliendelea kufungwa na dhamana yao miezi mitano iliyosalia.